Mwanangu, hapo ulipopigia picha palikuwa uwanja

Same, Jumatano usiku

Mwanangu mpendwa,

Ile sauti uliyonitumia Jumapili nimeisikiliza mara tatu. Ya kwanza nilikuwa dukani, kelele tupu. Ya pili nilikuwa na mama yako, na yeye hakusikia kingine ila kwamba unakohoa. Ya tatu nilijifungia peke yangu, ndipo nikakuelewa: fainali imepangwa Sabato, saa nane mchana, na kocha anakutegemea wewe chini ya kikapu. Unaniuliza ucheze au usicheze, na umemtaja Koufax, ambaye habari zake amekusimulia mwenzako wa chumbani, Myahudi. Nimeona nisikujibu kwa sauti, maana nikianza kusema nitapanda mimbarini na wewe utaizima simu. Acha niandike.

Kwanza ile picha yako ya mwezi uliopita. Umesimama ndani ya Mall of America, pale Bloomington, Minnesota, huko Marekani, aiskrimu mkononi, nyuma yako bembea na vigari vya watoto. Uliandika tu, "Baba, ona maduka ya huku." Nikayaona, nikashangaa, nikafunga simu. Wiki hii ndiyo nimegundua kwamba siku ile ulikuwa umesimama uwanjani. Kabla maduka hayo hayajafunguliwa mwaka 1992, hapo palikuwa Metropolitan Stadium, uwanja wa besiboli wa timu ya Minnesota Twins. Ukirudi, tazama sakafuni kwenye hizo bembea: wamepachika kibao pale mpigaji alipokuwa anasimama. Juu ukutani, mbali kabisa, wametundika kiti chekundu kuonyesha mpira wa Harmon Killebrew, mpigaji wa Twins, ulipotua mwaka 1967.

Sasa, uwanja huo Jumatano ya tarehe 6 Oktoba 1965 ulifurika watu, na mtu ambaye kila mmoja alitaka kumwona hakutokea.

Besiboli mimi naielewa kama wewe unavyoelewa bao la babu yako, lakini hili nimelishika: kuna mtu mmoja anasimama katikati, anarusha mpira, na akiwa hodari wapigaji wa upande wa pili wanarudi kukaa mmoja mmoja bila kuugusa. Mwaka ule hodari kuliko wote alikuwa Sandy Koufax wa Los Angeles Dodgers, Myahudi wa Brooklyn, mtu wa mkono wa kushoto. Mechi za ubingwa wa nchi zilikuwa zinaanza, Dodgers ugenini kwa Twins, na desturi ni kwamba siku ya kwanza unamtoa mrushaji wako mkubwa. Siku hiyo ya kwanza ikaangukia Yom Kippur, Siku ya Upatanisho, ile ya Walawi 16, ambayo Wayahudi hufunga na kutubu. Sisi Wasabato siku hiyo haihitaji kufafanuliwa. Kanisa letu limezaliwa kwenye hesabu ya siku hiyo, mwaka 1844. Koufax akasema yeye siku hiyo harushi. Hakuitisha mkutano wala hakutoa hotuba.

Na usidhani alikuwa mtu wa dini sana. Hakuwa. Mpaka leo watu wanabishana alikuwa wapi siku ile: wengine wanasema sinagogi moja la mji wa Saint Paul, wengine wanasema hakutoka chumbani kwake hotelini. Mahali pake wakampanga Don Drysdale, naye si mtu mdogo, lakini walimtandika mikimbio saba (ndiyo mabao ya besiboli) kabla ya kipindi cha tatu kwisha. Meneja alipokuja kumtoa, Drysdale akamtania kwamba bila shaka sasa hivi meneja anatamani Drysdale naye angekuwa Myahudi. Mechi ikaisha 8-2. Walifungwa.

Hapo ndipo ninapotaka utulie. Kesho yake Koufax akarusha, na akashindwa vilevile.

Unazijua shuhuda zetu za saa ya ibada. Fulani alikataa mtihani wa Sabato, na Jumatatu mkuu wa chuo akamwita mwenyewe, akampangia siku nyingine, na alama akapata za juu kabisa. Sikatai kwamba yapo. Lakini huyu alikataa, timu ikapigwa, akarudi, akapigwa yeye. Siku mbili nzima hakukuwa na muujiza wowote wa kwenda kuutolea ushuhuda. Kilichofuata kilikuwa kazi tu. Alirusha mechi ya tano, wapinzani hawakupata hata mkimbio mmoja. Mechi ya saba, ya kuamua, ikachezwa tarehe 14 Oktoba kwenye uwanja uleule, hapo ulipokula aiskrimu. Alikuwa amepumzika siku mbili tu, na kiwiko chake kilikuwa kimeharibika kwa baridi yabisi kiasi kwamba mwaka uliofuata aliacha mchezo kabisa, akiwa na miaka 30. Dodgers walishinda 2-0. Mrushaji alikuwa yeye kuanzia mwanzo hadi mwisho.

Lakini mimi nampenda zaidi Hank Greenberg, labda kwa sababu anafanana na mimi, utaona. Yeye alichezea Detroit Tigers. Mji huo haukuwa mpole kwa Wayahudi: ndiko kwa Henry Ford, tajiri wa magari, ambaye miaka ya 1920 gazeti lake lilikuwa likichapa matusi juu yao wiki baada ya wiki. Mwaka 1934 Tigers walikuwa wanaukaribia ubingwa wa ligi walioukosa tangu 1909, na Greenberg ndiye mpigaji wao. Tarehe 10 Septemba ikawa mwaka mpya wa Kiyahudi. Acheze, asicheze? Magazeti yakaingia, marabi wakaulizwa, kila mtu ana neno. Mwishowe alicheza. Alipiga mara mbili mpira ukavuka uzio, Tigers wakashinda 2-1, kwa mikimbio yake yote miwili. Mji mzima ukamshangilia, na yeye bado moyo haukutulia. Siku tisa baadaye ikaja Siku ya Upatanisho. Safari hii hakucheza. Alikwenda sinagogi la Shaarey Zedek, na alipoingia watu wakakatisha sala wakampigia makofi, mpaka akaona aibu asijue pa kujificha. Tigers walifungwa siku hiyo. Ubingwa wa ligi waliuchukua hata hivyo.

Mtu mmoja, msimu mmoja, sikukuu mbili, majibu mawili.

Nikwambie langu, ambalo mama yako analijua na wewe hulijui. Mwaka 1988 nikiwa chuo cha ualimu (jina la chuo tuliache), mtihani wa hesabu uliwekwa Sabato. Nilimwendea mhusika asubuhi ya Ijumaa, nikiwa na Biblia kwapani na kiburi kingi. Akaniambia hajawahi kunisikia nikilalamika muhula mzima, imekuwaje leo? Sikufanya mtihani. Hakuna aliyeniita Jumatatu. Nilirudia mwaka, na ada ya mwaka ule bibi yako aliipata kwa kuuza ng'ombe. Watu wa kanisani walinisifu. Ng'ombe hawakumtaja.

Miaka miwili baadaye, nikiwa mwalimu mpya, timu yetu ya mpira wa wavu ikafika fainali ya wilaya, siku ya Sabato. Nikacheza. Ndiyo, mimi. Tulishinda, kila mchezaji akapewa chupa ya chai, nyekundu, yenye maua. Niliificha kwenye begi wiki nzima, kisha nikampelekea bibi yako kama zawadi. Hakuuliza nimeitoa wapi, na sisi tunajuana huko milimani, hakukosa kusikia. Chupa ile aliitumia kila siku. Ila Sabato aliiweka juu ya kabati, chai akaimiminia kwenye birika la bati. Alifanya hivyo mpaka chupa ilipovunjika, na hakuwahi kunitamkia neno.

Kwa hiyo mimi si wa kukuamuru. Ila jambo moja nakuomba kama mtu aliyechelewa: kama hutacheza, mwambie kocha leo hii. Usingoje Ijumaa. Alikuwepo kijana mmoja wa Baltimore, Tamir Goodman, Myahudi anayeshika Sabato na kofia yake ndogo kichwani hata akiwa uwanjani, mchezaji wa kikapu kama wewe. Mwaka 1999 magazeti ya Marekani yalimwita Jordan wa Kiyahudi. Chuo Kikuu cha Maryland kikamwahidi nafasi, halafu yakaja mambo ya ratiba na mechi za Jumamosi, wakaachana. Unajua mwaka wake wa mwisho wa sekondari alikwenda wapi? Takoma Academy, shule ya Waadventista! Pale Takoma Park, kulikokuwa makao makuu ya kanisa letu kabla hayajahamia Silver Spring. Ilikuwa shule ambayo jua la Ijumaa likizama hakuna mechi, basi Myahudi akacheza kwa Wasabato. Baadaye chuo cha Towson kilimchukua, wakapatana mapema kwamba Sabato hachezi. Neno langu liko kwenye hilo "mapema".

Huyo mwenzako wa chumbani aliyekusimulia habari za Koufax, nisalimie sana. Na tafadhali usimfanye somo la Shule ya Sabato. Najua watu wetu: tukikutana na Myahudi tunamwuliza habari za hema na sanduku la agano kana kwamba katoka jangwani juzi. Yeye ni kijana wa Marekani, ana mitihani na mkopo wa ada. Nimecheka uliposema mama yake anapika cholent, maharage na shayiri na nyama, chungu kinawekwa motoni Ijumaa kabla jua halijazama kinaliwa kesho yake. Mwambie kwetu Upare hayo ni makande, tena siku ya maandalizi ni ileile.

Mwambie pia kwamba wapo wenzake hapa jirani. Mbale, Uganda, wako Abayudaya, jamii iliyoanzishwa na Semei Kakungulu mwaka 1919 baada ya kuyasoma Maandiko mwenyewe na kuamua kufuata Torati. Idi Amin aliwapiga marufuku wakawa wanasali kwa siri. Waadventista wa Uganda nao aliwapiga marufuku, kwa hiyo zilikuwa Sabato mbili zinajificha kutoka kwa mtu mmoja. Majeshi yetu yaliiteka Kampala tarehe 11 Aprili 1979, na jioni hiyohiyo Pasaka ya Kiyahudi ilikuwa inaanza. Baba yako mdogo alikuwa miongoni mwa askari wale. Nilipomweleza jambo hili juzi alinyamaza, kisha akasema yeye siku ile anakumbuka kiu tu. Mtoto wa jamii ile, Gershom Sizomu, alikwenda kusomea urabi Los Angeles, akahitimu 2008, na mwaka 2016 akachaguliwa mbunge.

Na ile ishara ya mkono mnayofanyiana kwenye picha, vidole viwili huku na viwili kule, kumbe nayo ina kwao. Leonard Nimoy, aliyeigiza Spock kwenye Star Trek, alikuwa mtoto sinagogini Boston makuhani walipokuwa wakiwabariki watu wakiwa wamejifunika. Aliambiwa asitazame, akachungulia. Akaona mikono imekaa hivyo, na alipokuwa mtu mzima akaipeleka kwenye televisheni. Maneno yao ni yaleyale ya mchungaji wetu, Hesabu 6, "Bwana akubarikie, na kukulinda." Nimejaribu mbele ya kioo. Kidole changu cha pete kinakataa katakata.

Nimetazama pia jua lenu. Jumamosi hiyo litazama, na Sabato kwisha, kwenye saa kumi na nusu jioni. Wangeiweka fainali saa moja usiku, barua hii isingekuwepo.

Tangawizi imeshuka bei, kwa hiyo mama yako amekukaushia nyingi kuliko utakavyoweza kumaliza. Utaletewa na mtoto wa jirani anayesafiri mwisho wa mwezi. Chemsha, usiweke sukari.

Jua likizama kwako siku hiyo, kwangu itakuwa saa saba na nusu usiku, tayari Jumapili. Nitakuwa macho, nitapiga. Umecheza au hukucheza, pokea simu.

Baba yako