Barua kuhusu Mwanamke wa Kwenye Riale

Shoga yangu mpenzi,

Salamu nyingi zikufikie wewe, bwana na watoto. Mimi ni mzima, hofu ni juu yenu mlio mbali na macho yangu. Barua yako niliipata pamoja na zile picha mbili za riale, ile sarafu ya fedha ya zamani, uliyoikuta ndani ya kasha la marehemu bibi yako, na nimekawia kujibu kwa sababu swali lako halikuwa la kujibiwa kwa mistari miwili. Umeuliza ni nani mwanamke huyu mnene aliyejitanda ushungi, kisha ukaongeza kwamba bila shaka alikula raha zake zote, kwa kuwa aliyezaliwa katika jumba la mfalme hana la kulilia. Hilo la mwisho ndilo lililonikosesha usingizi.

Huyo ni Maria Theresa wa Austria, aliyezaliwa Vienna mwaka 1717 na kufariki huko huko tarehe 29 Novemba 1780. Maandishi yanayokizunguka kichwa chake ni Kilatini kilichofupishwa, yanamtaja kuwa malkia wa Hungaria na Bohemia kwa neema ya Mungu. Ushungi unaouona si pambo, ni ushungi wa ujane. Mumewe, Franz Stephan wa Lorraine, alifariki ghafla mjini Innsbruck tarehe 18 Agosti 1765, siku chache tu baada ya wao kumwoza mtoto wao Leopold katika mji huo huo, na tangu hapo mjane wake hakuvaa tena nguo ya rangi mpaka naye alipokata roho. Sisi tunaijua eda ya miezi minne na siku kumi. Yeye alikaa yake miaka 15. Katika kitabu chake cha sala alipiga hesabu ya ndoa yao kwa mkono wake: miaka 29, miezi 6 na siku 6, kisha akaendelea kuigawa mpaka akafika kwenye saa, akapata 258,744. Mtu aliyeketi peke yake usiku akahesabu saa za ndoa yake moja baada ya moja alipenda kwelikweli, ingawa bwana mwenyewe alikuwa na hawara, na mjini Vienna jambo hilo halikuwa siri.

Nimeanza na mapenzi hayo kwa makusudi, maana katika ukoo wake yalikuwa kitu adimu. Franz alilelewa katika jumba la baba yake Maria Theresa, walijuana tangu utotoni, na alipofika umri wa kuolewa alimtaka yeye na akampata. Habsburg, ndio ukoo wake huo, walikuwa watu wa kutawala kwa harusi, hata ukatungwa ubeti wa Kilatini unaosema wengine na wapigane vita, wewe Austria uliyebahatika, oa na kuoza. Kwa hiyo binti wa kwao kuolewa na aliyemtaka ilikuwa ni kama kuokota lulu ufukweni. Iweke akilini habari hii, kwa sababu bila hiyo hutaelewa uzito wa yale aliyowatendea binti zake.

Baba yake, Karl wa Sita, hakuacha mtoto wa kiume aliye hai. Tangu mwaka 1713, kabla Maria Theresa hajazaliwa, alikuwa ametoa amri kwamba binti naye aweze kurithi, na akatumia maisha yake yaliyobaki kuwabembeleza wafalme wa Ulaya waitie saini. Walitia. Akafariki Oktoba 1740, na ilipofika Desemba Friedrich wa Pili, mfalme wa Prussia, alikuwa ameshaingiza jeshi Silesia, mojawapo ya majimbo yao yenye utajiri mkubwa. Binti alikuwa na umri wa miaka 23, ana mimba, na baba aliyepigania haki yake ya kurithi hakuwahi kumfundisha kazi yenyewe ya kutawala. Juni 1741 alivikwa taji la Hungaria mjini Pressburg, ambao leo unaitwa Bratislava. Desturi ya huko ilimtaka mfalme apande farasi mpaka juu ya kilima, achomoe upanga na kuuelekeza pande nne za dunia, kuonyesha kwamba atailinda nchi kutoka kila upande. Alipanda, akauchomoa, akauelekeza, mtoto mchanga wa miezi mitatu akiwa kitandani Vienna. Sheria yao haikuwa na mahali pa kuandika malkia anayetawala mwenyewe, basi wakamwita mfalme, mambo yakaisha. Vita vilidumu mpaka mwaka 1748, na Silesia haikurudi.

Alizaa watoto 16 kati ya mwaka 1737 na 1756, wanawake 11 na wanaume 5. Soma hesabu hiyo tena, ukumbuke kwamba katika miaka hiyo hiyo alikuwa akiendesha vita na kusoma makaratasi ya serikali. Wengine walikufa wachanga, na wale mabinti waliokua ndio ninaotaka kukusimulia.

Mwaka 1756 Austria iliacha uadui wake wa tangu zamani na Ufaransa, ikaungana nayo ili kumkabili yule Friedrich. Wafalme wa Ufaransa walikuwa wa ukoo wa Bourbon, na ukoo huo ulishika pia Hispania, Napoli na Parma, kwa hiyo kila mji kati ya hiyo ulitazamwa kuwa ni nyumba ya kupelekea posa. Kwa Ferdinand, mfalme kijana wa Napoli, alichumbiwa kwanza binti yake Johanna. Akafa kwa ndui mwaka 1762, akiwa na miaka 12. Nafasi ikapewa mdogo wake, Josepha. Nguo za harusi zikashonwa, msafara ukapangwa, na tarehe 15 Oktoba 1767 naye akafa kwa ndui, ana miaka 16. Watu walinong'ona kwamba mama alimlazimisha binti kwenda kusali katika makaburi ya ukoo, ambako jeneza la mke wa kaka yake, aliyekufa kwa ndui mwezi Mei mwaka ule ule, lilikuwa halijazibwa vizuri. Lakini vipele vilimtoka haraka mno baada ya ziara hiyo, kwa hiyo ugonjwa aliupata kwingine. Siamini kwamba hoja hiyo ya kitabibu ilimtuliza mama yake.

Ungedhani kwamba baada ya misiba miwili posa ile ingeachwa. Haikuachwa. Baba yake Ferdinand, mfalme wa Hispania, alielezwa kuwa wamebaki Amalia na Karolina, achague. Amalia akakataliwa kwa kuwa alimzidi bwana harusi miaka mitano, na Karolina, mwenye miaka 15, akaozwa Aprili 1768, miezi sita tu baada ya maziko ya dada yake. Alikwenda akilia. Hata hivyo mkataba wa ndoa uliandikwa kwa akili: akizaa mtoto wa kiume, ataingia katika baraza la serikali. Alimzaa mwaka 1775, akaingia barazani, na kuanzia hapo aliyetawala Napoli hasa alikuwa yeye, kwa sababu mumewe alipenda kuwinda kuliko kusoma barua.

Kuhusu Amalia, hapa ndipo ninapomkasirikia huyu mama wa kwenye riale. Amalia alimpenda mwanamfalme mmoja wa Ujerumani asiye na cheo kikubwa, Karl wa Zweibrücken, na yeye akampenda. Mama akakataa, akamwoza mwaka 1769 kwa Ferdinand mwingine, yule wa Parma, aliyezaliwa mwezi na mwaka mmoja na yule wa Napoli. Umri uliokuwa kikwazo mwaka uliotangulia sasa haukuwa kikwazo. Nawe utasema, labda ndiyo siasa, hakuwa na njia nyingine. Ningekubaliana nawe kama si Christina, binti aliyezaliwa siku moja na mama yake, kipenzi cha mama, aliyeachiwa mwaka 1766 kuolewa na Albert wa Saxony kwa mapenzi tupu, tena akapewa na mali nyingi juu yake. Njia ilikuwapo, ila ilikuwa ya mtoto mmoja. Amalia hakusamehe maisha yake yote. Wewe unajua nilivyoolewa mimi, basi usinilaumu nikiwa upande wake.

Elisabeth, aliyesifiwa kwa uzuri kuliko wote, aliugua ndui mwaka 1767, akapona na makovu usoni, na hakuolewa. Mwaka uliofuata mama, ambaye naye alinusurika na ugonjwa huo, alimleta tabibu Jan Ingenhousz kuwachanja watoto.

Wa mwisho ni Antonia, ambaye dunia inamjua kwa jina la Marie Antoinette. Aprili 1770 alifungishwa ndoa Vienna kwa wakili, kaka yake akisimama mahali pa bwana harusi, mrithi wa ufalme wa Ufaransa, kisha akasafirishwa mpaka kwenye kisiwa katika mto Rhine, mbele ya Strasbourg, na ndani ya nyumba ya mbao iliyojengwa kwa ajili ya shughuli hiyo akakabidhiwa kwa Wafaransa na kuagana na watu wa kwao. Alikuwa na miaka 14. Kitabu cha ndoa cha Versailles, jumba la wafalme wa Ufaransa, kipo mpaka leo: saini yake inashuka upande kama mtu anayeteremka ngazi, na kando yake kuna doa la wino.

Mama hakumwachilia. Kila mwezi tarishi alipeleka barua na kurudi na majibu. Mwaka 1775 alimkemea kwa kusuka nywele zikapanda inchi 36 juu ya paji la uso, na manyoya juu yake. Kulikuwa na jambo zito zaidi: ndoa ilikaa miaka saba bila kukamilika chumbani, na mama alitaka kujua kila mwezi kama binti ameingia hedhini. Kwa kuwa barua ziliweza kufunguliwa njiani, siku hizo walizipa jina la kificho, Jenerali Krottendorf. Jenerali amefika, jenerali amechelewa. Nilicheka niliposoma, kisha nikaacha kucheka, maana amani ya mataifa mawili ilikuwa ikisubiri damu ya msichana. Na balozi wa Austria huko Paris, Mercy-Argenteau, alimwandikia mama taarifa za siri juu ya kila alichofanya binti, naye akawa anashangaa mama anajuaje. Mtoto wa kwanza, wa kike, alizaliwa Desemba 1778, akapewa jina la bibi yake. Wa kiume alizaliwa Oktoba 1781, na bibi alikuwa amefariki miezi 11 kabla. Kilichompata Antonia mwaka 1793 unakijua, alikatwa kichwa.

Sasa turudi kwenye riale yako. Tarehe 1780 isikudanganye. Baada ya kifo chake wafanyabiashara wa Bahari ya Shamu, Uhabeshi, Omani na huku kwetu Unguja hawakutaka fedha yenye sura nyingine, basi viwanda viliendelea kuipiga na tarehe ile ile, na ya bibi yako huenda ilipigwa miaka mingi sana baadaye. Tundu lililo juu ya utosi linaonyesha kwamba ilivaliwa shingoni. Chukua kioo cha kukuzia, utazame bizimu lililoshika vazi lake begani, uhesabu lulu zilizolizunguka. Zinatakiwa ziwe tisa, na wenye maduka wa zamani walizihesabu hivyo hivyo kabla ya kupokea. Ukienda kwa sonara, mwambie aipime tu, asiitie moto. Nzima ina gramu 28 na kidogo, yako itapungua kwa sababu ya tundu. Niandikie umepata lulu ngapi.

Ni mimi shoga yako wa tangu utotoni.