Mhariri, yule kijana wa sura ya tatu yuko wapi?

Mhariri, salamu nyingi kutoka Majengo hapa Mombasa. Mimi si mwandishi, ni msomaji tu, tena msomaji wa kuazima, maana barazani kwetu gazeti hununuliwa moja likasomwa na watu sita na wa mwisho akaondoka nalo kufungia mahamri. Lakini hii hadithi yenu ya upelelezi ya kila Jumamosi siiachi, huwa namtuma mtoto asubuhi na mapema kabla ukurasa haujachanwa, na ndo iliyonifanya nishike kalamu leo.

Imeisha wiki iliyopita. Wale ambao hamjamaliza mnisamehe, muuaji ni shemeji. Mimi niliapa ni daktari, nikadanganyika mpaka mstari wa mwisho, kwa hivyo hapo sina neno, mwandishi kazi yake ameiweza. Neno langu ni yule shamba boi. Yule kijana aliyetiwa pingu sura ya tatu kwa sababu viatu vyake vilikuwa na matope na alikuwa amegombana na marehemu juu ya mshahara, jamani yule aliishia wapi? Nimerudi nyuma nikatafuta kwa kidole mstari kwa mstari. Hayupo. Shemeji ameshikwa, mpelelezi amewasha sigara, wenye nyumba wamepumua, na kijana hata hakuandikwa kwamba amefunguliwa. Kwa hesabu yangu mimi yuko rumande mpaka hii leo.

Barazani walinicheka, ati hadithi ni hadithi. Sawa. Na mimi hizi hadithi nazipenda toka zamani, toka enzi za Bwana Msa, yule mpelelezi wa riwaya za Muhammed Said Abdulla, na kiko chake, na najua ufundi wake unavyokwenda: lazima awepo mtu wa kutuzuga, mtu aliyekuwa pale usiku ule, aliyekuwa na kisirani na marehemu, na ambaye ameulizwa akasema uongo mdogo kwa sababu ana aibu yake nyingine ya kuficha. Tunamtilia shaka, kisha anajulikana muuaji wa kweli ni mwengine, na yeye anatupwa kama ganda la muhogo. Kitu ninachotaka kusema ni kwamba barazani kwetu, na kwenu nyinyi gazetini, twamfanyia hivyo hivyo mtu wa kweli mwenye mama yake.

Nilikuwa na mjomba, Mungu amrehemu, alikuwa karani wa stoo kwenye godauni moja kule Shimanzi. Kati ya Ijumaa na Jumatatu yalipotea magunia arubaini ya mchele. Funguo zilikuwa mbili, moja yake moja ya bosi, na wajua mwenyewe kati ya funguo mbili hizo ni upi ulioshukiwa kwanza. Alilala seli siku tatu, ndugu tukachanga dhamana, kisha kesi ikaenda miaka miwili na zaidi, leo shahidi hakuja, leo faili haionekani, leo hakimu amehamishwa twaanza upya, na kila siku hiyo mjomba amevaa shati lake jeupe lile lile. Mwisho hakimu akasema upande wa mashtaka haujaleta kitu cha kumfanya huyu mtu hata ajitetee, akamuachilia kwa kifungu 210 cha sheria ya mwenendo wa kesi za jinai.

Unajua alifanya nini? Alichukua ile nakala ya uamuzi akaenda duka la fotokopi Mwembe Tayari akaitia lamineti. Lamineti haikunjiki, kwa hivyo akawa anaibeba kwapani ndani ya bahasha ya kaki, kila aendako, msikitini, harusini, sokoni. Sisi vijana tulikuwa twamuonea haya, nasema ukweli.

Siku moja nilikuwa naye kwa muuza kahawa. Kulikuwa na mzee mmoja pale, simu yake ilikuwa juu ya benchi. Mjomba alipokaa, yule mzee hakusema kitu kibaya, aliichukua simu tu akaitia mfukoni halafu akaendelea na habari zake za mpira. Mjomba akashika kikombe. Hakukinywa, kahawa ikapoa mkononi mwake na bahasha iko pale kwapani, na mimi mpaka leo harufu ya ile tangawizi huniudhi.

Na mtu akijaribu kuwaambia, mahakama imemuachilia bwana, wanakujibu amehonga. Yaani akifungwa ni mwizi, akiachiliwa ni mwizi tena mwenye pesa! Halafu anatokea mmoja anakumaliza na lisemwalo lipo, kama halipo laja. Mimi hiyo methali siipendi, nawaomba radhi wazee waliotuachia. Inasemwa kama hekima lakini ukiichungua ni hukumu bila kesi, na ukienda soko la Kongowea siku mtu amepigiwa ukelele wa mwizi utaona inavyofanya kazi, maana pale hakuna anayengoja hata jina la mtu.

Mombasa ni mji wa bandari, kila mtaa una nyumba ambayo babu alikuwa baharia, kwa hivyo kuna kisa kimoja nataka wenzangu wakijue. Mahmood Mattan, baharia Msomali kutoka Hargeisa, aliishi Cardiff huko Uingereza mtaa wa bandarini, ameoa mwanamke wa kizungu na wana watoto watatu wa kiume. Machi 1952 mwenye duka mmoja hapo mtaani, Lily Volpert, alichinjwa dukani mwake. Mattan akashikwa. Kwenye gwaride la utambulisho kuna mashahidi hawakumchagua, hilo halikusemwa kesini. Kesi ikasimama juu ya mtu mmoja aliyesema alimuona akitoka pale, na kulikuwa na zawadi ya pesa iliyotangazwa. Wakili wake mwenyewe, aliyewekwa amtetee, alisimama mbele ya jopo la raia wanaoamua kesi akamuita mtu nusu mshenzi. Yule ndo alikuwa upande wake! Septemba tarehe 3 mwaka ule ule wakamnyonga, mauaji mpaka kitanzi miezi sita tu, na mkewe Laura alijua siku alipokwenda kumtembelea akakuta tangazo limebandikwa kwenye lango la gereza.

Ukisoma vizuri utaona Mattan alikuwa ni yule mtu wa sura ya tatu kamili, mgeni, maneno yake kwa polisi hayashikani, mdomo mkali, hana marafiki wengi. Mwandishi wa riwaya asingempata bora zaidi wa kutuzuga. Ila hapa hakukuja sura ya tisa ya kumfichua muuaji wa kweli. Yule shahidi mkubwa miaka kumi na saba baadaye, 1969, alifungwa yeye kwa kujaribu kumuua binti yake kwa wembe, na bado faili halikufunguliwa. Hukumu ilifutwa Februari 1998, miaka 46 imepita, na polisi wa huko wakaomba msamaha 2022, wakati huo hata wale wanawe hawako tena kuusikia.

Hapa nitoke nje ya njia kidogo. Mwaka uliofuata baada ya kunyongwa yule, 1953, Mahakama ya Rufaa ya Afrika Mashariki iliamua kesi ya Abdalla bin Wendo, na mawakili wetu mpaka leo wanaitaja kila kukicha. Ilisema shahidi akiwa mmoja peke yake aliyemtambua mtu, na hali ya kumtambua ilikuwa ngumu, ushahidi huo upimwe kwa uangalifu mkubwa kabisa. Si kwamba shahidi muongo, la, mtu mkweli naye hukosea sura. Nani kati yetu hajawahi kumshika bega mtu feri akidhani ni rafiki yake?

Wako wanaosema basi angalau ukweli hutoka mwisho. Unatoka, lakini tazameni unavyotoka. George Edalji, wakili Muingereza ambaye babake alikuwa Mparsi wa Bombay aliyekuwa kasisi, alifungwa miaka saba mwaka 1903 ati alikuwa akitoka usiku kuwakata wanyama tumbo mashambani, farasi na ng'ombe. Alikaa mitatu wakamtoa bila maelezo. Conan Doyle, yule yule mwandishi wa visa vya mpelelezi Sherlock Holmes, alikwenda kuonana naye hotelini, akamkuta anasoma gazeti amelikaribisha mpaka puani, akajua hapo hapo huyu hawezi kuvuka mashamba na reli gizani akamtafuta farasi. Akaandika magazetini, watu wakapiga kelele, na 1907 serikali ikatoa msamaha. Msamaha! Wa kosa ambalo hakufanya, na juu yake wakasema baadhi ya shida alijitakia mwenyewe kwa hivyo fidia hapati hata senti. Riwaya ingeishia pale kwenye macho, na mimi ningeifunga nikalala. Edalji alirudi nyumbani na msamaha wake kama mjomba na lamineti yake.

Na kuna kisa ambacho sisi hapa twakijua toka chuo cha Qur'ani, ila hatukiiti cha upelelezi. Nabii Yusuf. Ndugu zake walileta kanzu yenye damu ya uongo wakamsingizia mbwa mwitu, na mimi huwa nawaambia watoto aliyesingiziwa kwanza katika kisa kile ni yule mnyama, hajala mtu. Kisha Misri, mke wa mkubwa wake akamsingizia yeye, na akatokea shahidi katika watu wa nyumba ile ile akasema itazameni kanzu, ikichanika mbele mwanamke mkweli, ikichanika nyuma yeye ndo mkweli. Ikatazamwa, imechanika nyuma. Kesi imekwisha, sivyo? Wakamtia gerezani, na Qur'ani yasema ilikuwa ni baada ya kuziona dalili. Ushahidi ulikuwa mezani, lakini kumfunga mtumwa kulikuwa rahisi kuliko aibu ya nyumba kubwa.

Lakini mahali panaponishika mimi ni mwisho. Mfalme amemtumia mjumbe, njoo utoke. Miaka amelala pale ndani, mlango uko wazi, na yeye akakataa! Akamwambia mjumbe rudi kwa bwana wako ukamuulize habari za wale wanawake waliojikata mikono kwa kushangaa uzuri wake. Hakutoka mpaka walipoitwa wakaulizwa, wakasema hatukuona ubaya wowote kwake, na yule mke mwenyewe akakiri mbele za watu. Alilitaka jina lake kwanza, mlango baadaye. Mjomba wangu alipewa mlango.

Sasa nyinyi, mhariri. Mtu akishtakiwa mwaweka jina na picha, kichwa cha habari kimechukua nusu ukurasa, na neno "mshukiwa" limeandikwa kwa herufi ndogo kama kuomba radhi. Akiachiliwa? Mistari mitatu chini ya matangazo ya viwanja, wakati mwengine hata hiyo hapana. Katiba ya 2010 kifungu 50 yasema mtu ni asiye na hatia mpaka ithibitishwe, lakini picha haijui katiba. Na mukiandika kuachiliwa mwandike vizuri, kwa sababu katika sheria ile ile ya kesi za jinai kuna kifungu 87(a), pale mwendesha mashtaka anapoiondoa kesi kabla mtu hajajitetea na anaweza kumshika tena kesho kwa jambo lile lile, na kuna 210 na 215 ambapo mtu ameshinda kabisa. Nyinyi zote mwaandika "aachiliwa" na msomaji akamalizia mwenyewe na lake la kuhonga.

Kwa hivyo ombi langu, ukurasa ule ule, picha ya ukubwa ule ule. Na mwandishi wenu wa Jumamosi namuomba sehemu moja ya nyongeza, hata nusu safu, yule kijana arudi kwake, tuone jirani aliyemuita muuaji anamsalimia vipi mlangoni, na kama tajiri amemlipa ule mshahara waliogombania. Mimi nitainunua nakala yangu mwenyewe siku hiyo, sitangoja zamu barazani.

Karatasi ya mjomba ninayo mimi sasa. Plastiki imeanza kuachana pembeni pale alipokuwa akiishika, lakini muhuri wa mahakama wasomeka. Mukitaka kuipiga picha nitaileta ofisini kwenu, ila siiachi, nitangoja hapo hapo mumalize.

Msomaji wenu,
Majengo, Mombasa