Kwenu vijana mnaokata vipande vya video za mpira wa zamani

Wanangu, Assalaam alaykum.

Kazi zenu naziona kwenye simu ya mjukuu wangu. Dakika moja na nusu, muziki juu, mabao mfululizo, na maisha ya mchezaji mstaafu yamekwisha. Lile bao la Abdi Kassim "Babi" dhidi ya Uganda mwaka 2007, la kwanza kwenye uwanja mpya wa taifa kule Dar es Salaam, nalitazama kila mnapolirusha. Lakini Nadir Haroub mtamwonesha vipi kwa mtindo huo? Yule ni beki. Unahodha wake wa Yanga na Taifa Stars ulikuwa mkono unaowapanga wenzake, hatua mbili za kurudi nyuma kabla krosi haijapigwa, sauti isiyonyamaza dakika tisini. Hata jina lake la utani, Cannavaro, la yule beki wa Italia, hakupewa kwa kufunga.

Nakuombeni basi, okoeni mchezo mzima kwanza, vipande baadaye.

Mwaka 1995 Zanzibar Heroes, timu yetu ya Zanzibar, walipochukua Kombe la Chalenji la Afrika Mashariki na Kati kule Uganda, watu hawakuwa na simu za kurekodia. Mengi ya enzi zile yamo kwenye kanda za video za VHS juu ya makabati ya watu, na unyevu wa masika hauzionei huruma. Mimi nilikuwa na yangu moja, mchezo wa ligi pale uwanja wa Amaan, Unguja. Ikaja harusi ya mpwa wangu, kanda tupu hakuna, nikarekodi juu yake. Leo ukiitia unamuona bibi harusi anaingia, wanawake wanapiga vigelegele, halafu mwisho kabisa, sekunde kama ishirini, kiungo wetu anautuliza mpira kifuani, anainua kichwa kutafuta mtu wa kumpa. Hapo inakatika. Marehemu yule hana picha nyingine inayotembea. Watoto wake huja kwangu kuziangalia sekunde hizo, na mimi kila wakija huona uchungu.

Kanda yenye ukungu mweupe msiitie kwenye deki, mashine ya kuchezea kanda. Itakwama, na ukungu utahamia kwenye hedi, kile kichwa kinachosoma kanda, kisha kwenye kanda itakayofuata. Itengeni pahala pakavu mpaka fundi aisafishe. Wala msichelewe, maana deki zenyewe hazitengenezwi tena. Kampuni ya mwisho Japani iliacha mwaka 2016.

Na mchezaji akiwa hai, kaeni naye kanda inapokwenda, mbonyeze pale anaposema "simamisha". Andikeni hapo hapo: nani huyu, uwanja gani, Amaan au Gombani ya Pemba, mwaka gani, nani alikuwa golini. Baadhi yao macho yameanza kufifia.

Deki yangu bado inafanya kazi. Nipo barazani Ng'ambo kila siku baada ya alasiri. Njooni na kanda, na mje na mzee mmoja anayejua majina.