Barua ya wazi kwa Waziri wa Madini: Zaha ya Ol Doinyo Lengai ihifadhiwe ikiwa kavu

Mheshimiwa Waziri,

Ol Doinyo Lengai, mlima wa mita 2,962 kusini mwa Ziwa Natroni, ni volkano pekee duniani ambayo binadamu ameishuhudia ikitoa zaha (lava) ya karbonati, yaani chumvi zenye kaboni na oksijeni. Tunaomba kila anayepewa kibali cha kuchukua sampuli pale afuate mwongozo wa lazima, na sehemu ya sampuli ibaki nchini.

Zaha ya basalti, aina ya kawaida, ina silika karibu nusu ya uzito wake. Ya Lengai ikiwa mbichi haifikishi asilimia 1. Oksidi ya sodiamu ni kama asilimia 32, kaboni dioksidi 31, oksidi ya kalsiamu 14 na ya potasiamu 8, pamoja na klorini, florini na salfa. Hutoka na joto la nyuzi 500 hadi 600 tu, na hutiririka upesi mno. Mchana wekundu wake hauonekani. Mtu hudhani ni tope, akakanyaga.

Chini ya Bonde la Ufa mwamba wa kina huyeyuka kidogo tu, ukazaa magma (mwamba ulioyeyuka) ya aina ya nefeliniti, yenye sodiamu na kaboni dioksidi nyingi. Maelezo yanayokubaliwa na wengi ni kwamba karbonati hujitenga na silika humo ndani kama mafuta na maji. Majivu ya milipuko ya 2007 na 2008 yalibeba vyote viwili, kwa hiyo nayo yahifadhiwe.

Tatizo ni maji. Madini makuu ya zaha hii, nyerereiti (kwa heshima ya Mwalimu Nyerere) na gregoriiti, hayavumilii unyevu. Ndani ya saa chache jiwe jeusi huota utando mweupe. Gregoriiti hutangulia kuharibika, sodiamu, potasiamu na klorini huchukuliwa na maji, magadi hujitokeza, na mwishowe hubaki kalsiti, yaani karbonati ya kalsiamu. Atakayelipima hapo ataandika kwamba Lengai ilitoa zaha ya kalsiamu, na atakuwa amepotoka. Wajiolojia bado wanabishana iwapo baadhi ya karbonatiti (miamba ya karbonati) za kale, kama za volkano ya Kerimasi jirani na Lengai, zilianza zikiwa za kalsiamu au zilipoteza sodiamu baadaye. Bila jiwe bichi la kulinganisha, ubishi huo hautaisha.

Mwongozo useme hivi. Vichukuliwe vipande vyeusi visivyo na utando, kwa glavu kavu, mara zaha ikishaganda na kabla ya mvua au umande. Viwekwe papo hapo kwenye chupa ya kioo yenye jeli ya silika (punje za kunyonya unyevu) iliyokaushwa, mfuniko uzibwe kwa nta. Mfuko wa plastiki peke yake hupitisha unyevu. Lebo ionyeshe mahali, tarehe na saa. Maabara isilioshe jiwe wala kulikata kwa msumeno unaopozwa kwa maji. Mafuta ya taa yatumike hata wakati wa kung'arisha. Jeli ikibadilika rangi, ibadilishwe.

Milipuko ya 2007 na 2008 iliiacha kreta (mdomo wa volkano) ya kaskazini ikiwa shimo refu lenye kuta zinazobomoka, na kuifuata zaha chini ni kuhatarisha roho. Kwa hiyo tunaomba pia sampuli zilizokwisha kusanywa zikaguliwe na zile ambazo bado nyeusi zihamishiwe kwenye chupa kavu kabla ya masika.

Wako katika ujenzi wa taifa,
Wadau wa jiolojia