Mwanangu, kivuli usikiweke rehani

Mwanangu asalaam alaykum. Naandika kwa simu ya mdogo wako maana yangu imezima na umeme hakuna tangu asubuhi, kwa hiyo ukiona herufi zimerukwa ujue vidole vyangu vinanata karafuu. Isome yote kabla hujapanda dau. Huko kwenye skuli ya vivuli unakokwenda, mlangoni simu wanazichukua na sijasikia mtu alorudishiwa yake.

Jana kaja kijana wa jirani, yule alotangulia huko mwaka juzi. Mzima, kanenepa hata, kanzu nzuri imepigwa pasi. Mie nilikuwa uwanjani nageuza karafuu, jua limeshalala, kila kitu kimetoa kivuli kirefu, mbuzi ana chake, mshokishoki una chake, hata ile reki ya kugeuzia. Yeye hana. Kasimama pembeni ya jamvi na miguuni pake karafuu zinapigwa jua tupu. Nikajikaza, nikamuuliza alasiri ushasali mwanangu? Akatazama chini kwenye miguu yake, kama tulivyofundishwa sote chuoni kuwa alasiri unaijua kwa kivuli, akakaa kidogo, halafu akageuka akatazama kivuli changu mie. Ndo akajibu bado. Na akaniita bibi. Yule mtoto maisha yake yote huniita mama.

Nikamuuliza ulikiuza? Akasema sikuuza bibi, nimekiweka rehani tu, nikimaliza watanirejeshea.

Rehani! Babu yako naye hakuuza. Mikarafuu ya kule bondeni aliiweka rehani msimu mmoja tu, akisema mwaka ukiwa mzuri nitaikomboa, na leo sisi tukipita njia ile tunapita kama wageni, hata konyo la karafuu hatuokoti. Kwa hiyo nakwambia na nitakwambia tena, wakikuletea karatasi ya rehani usitie mkono. Wakisema ni ya mwaka mmoja usitie. Wakisema wenzako wote wametia, usitie.

Nimeuliza watu wawili watatu wenye kujua, wa kimya kimya. Mwaka wa kwanza mtafundishwa kutembea bila taa na kuingia kwenye kivuli cha ukuta kama mtu anaingia maji. Hilo jifunze, sioni ubaya wake. Mwaka wa pili unakituma kivuli chako chumba cha pili kikakuletee kitu. Hapo kuwa makini, kikichelewa kurudi usikiite kwa jina, subiri tu. Mwaka wa tatu ndo karatasi inakuja, wanakwambia masomo ya ndani huyapati mpaka uweke amana. Na kule jua halichomozi, kuna taa moja tu juu ya mnara, na mtu akishatoa chake wanamuazima kingine cha kutembelea mle ndani, ndo maana hashtuki. Anakuja kushtuka huku kwetu kwenye jua, na huku sisi ndo tunaoshtuka zaidi.

Ya mjomba wako unayajua, sirejei. Ila alirudi mwaka ule wa 1995 wakati wa popobawa, yule shetani wa usiku, watu Pemba nzima tunalala nje, moto umewashwa uwanjani, kila mtu macho juu ya mapaa. Hakuna alotazama chini. Mie nilitazama. Nilikuwa na miaka kumi, nikaona, nikanyamaza, maana wakati ule mtu akishukiwa tu anapigwa. Nimenyamaza mpaka kafa. Basi usinilaumu nikipiga kelele sasa.

Na wewe nawe una lako. Barua yao umeificha ndani ya mto wa sufi miezi mitatu, nalala kichwa changu juu yake! Ungenambia. Ningekasirika lakini ningejua. Ila siku yule mtu alipokuja kukupima, akakusimamisha uwanjani akapima kwa kamba mara tatu, akasema hajaona kivuli kilichotulia hivi, wallahi moyo wangu ulijaa, nikaingia jikoni nikalia peke yangu. Wewe ndo yule uloambiwa skuli huna akili. Nasema hili uende nalo.

Ile pesa ya mabati, mtu huko akikwambia imetoka wapi usibishane nae, nitakueleza mwenyewe ukirudi. Mie nilijua zawadi. Paa lilikuwa linavuja mpaka kwenye godoro la mdogo wako, wewe unajua. Yule aloileta hakunipa karatasi, alinipa daftari tu akasema andika jina la mtoto. Nimeandika lako la skuli. La nyumbani sikuliandika, na wewe usiwape, hata rafiki yako wa kulala chumba kimoja usimwambie.

Ayatul Kursiyyu kila usiku. Chakula kula, usijitie aibu, wewe ukiwa ugenini unajifanya umeshiba.

Barua najua hawaruhusu kuandika. Lakini nahodha wa dau anarudi kila bamvua, mwambie neno moja tu aniletee, kipo. Basi. Asiongeze kitu. Nitakwenda mwenyewe bandarini kumngoja.

Shangazi yako hapo Mkoani mpe ile pishi niliyokufungia, na mwambie makonyo ntamletea wiki ijayo nikipata gari. Deni la dukani nshalipa nusu. Mdogo wako hataki tena kupanda mkarafuu tangu lile tawi limkatikie, nami nimemuacha, matawi yenyewe unayajua hayana huruma, tutalipa mchumaji. Jana usiku tumechambua wawili tu mpaka saa sita, mahali pako pale ukutani hakukaa mtu.

Kwenye begi upande wa chini nimekutilia kanga yangu ile ya kisutu, ncha imechanika kidogo, ishone. Na kitabu cha dua.

Rehani hapana, mwanangu. Umesikia?

Wingu limetoka upande wa Ngezi na karafuu hizi zimebaki siku moja tu zikauke, nazikata kwa ukucha bado hazijalia vizuri. Nakwenda kukunja majamvi kabla haijanyesha.