Baba ametishiwa maisha na polisi hawachunguzi. Je, tuende Mahakama Kuu?

Kwako wakili,

Pokea salamu zangu. Nakuandikia kwa ajili ya baba yangu, mzee aliyepita miaka 70, anayeishi Ganze, Kaunti ya Kilifi. Watu wa damu yake wanamwita mchawi na wanataka kumuua.

Wanaoongoza ni ndugu zangu, wana wa marehemu baba mdogo. Mtoto wa mmoja wao aliugua akafia hospitalini, na matanga hayajaisha ikawa inasemwa kwamba baba ndiye aliyemla. Tangu hapo tumeokota mlangoni barua inayomtaka ahame, jiko la mama limechomwa usiku, na mmoja wao ametamka mangweni, kwenye unywaji wa tembo la mnazi, watu wakimsikia, kwamba mzee hatafika mavuno. Shamba la babu halijagawanywa na baba ndiye mkubwa aliyebaki. Asipotia kidole gumba hakuna ekari itakayouzwa, na madalali wameshaanza kupita.

Tulipiga ripoti polisi tukapewa nambari ya OB, yaani kitabu cha matukio cha kituo. Jiko lilipochomwa tulirudi, tukapewa nambari nyingine. Ile barua hawakuichukua hata iwe kielelezo, ninayo mimi. Afisa mmoja alisema hayo ni mambo ya ukoo, tukae na wazee tuyamalize. Mwingine aliuliza kama tuna pesa za mafuta ya gari. Jambo hili linaniuma sana, kwa sababu kutishia kuua ni kosa la jinai, na hata Sheria ya Uchawi, ya tangu 1925, inamtia hatiani anayemshutumu mwenzake kuwa mchawi, isipokuwa kama amepeleka shutuma hizo kwa chifu, polisi au mwenye mamlaka mwingine. Mangweni si kwa chifu.

Rafiki anayesaidia watu katika mambo ya sheria ametushauri twende Mahakama Kuu ya Malindi chini ya kifungu cha 22 cha Katiba, tuombe amri ya muda ya kumlinda baba na amri ya kuwalazimisha polisi wachunguze ripoti zetu. Anasema haki ya kuishi iko kifungu cha 26, haki ya wazee kuishi kwa heshima bila kudhulumiwa iko kifungu cha 57, na kwamba kesi ya aina hii haitozwi ada ya kuifungua. Nimesoma vifungu hivyo mwenyewe, na hapo ndipo nilipokwama.

Kifungu cha 245 kinakataza mtu yeyote kumwelekeza Inspekta Jenerali wa Polisi kuhusu uchunguzi wa kosa fulani, ilhali cha 157 kinamruhusu Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma kumwagiza achunguze. Je, katazo hilo linamfunga na jaji? Au tumwandikie Mkurugenzi kwanza, tuwape IPOA, mamlaka huru inayosimamia mienendo ya polisi, malalamiko yetu kuhusu maafisa wale, ndipo twende kortini?

Na tumshtaki nani? Tukiwataja ndugu zangu pamoja na polisi, naogopa ukoo utapasuka kabla hata jaji hajasoma faili. Tukiwaacha, naona kama tunawafichia. Nimesikia pia kwamba hakimu anaweza kumtaka mtu atie sahihi dhamana ya kudumisha amani. Je, njia hiyo inafaa hapa, ikiwa polisi wenyewe hawataki kusogea?

Kuhusu ulinzi, sitarajii askari wa kulala kwetu. Kituo kina watu wachache. Lakini je, jaji anaweza kuagiza doria, na mkuu wa kituo arudi mbele yake kwa tarehe maalumu aeleze amefanya nini? Amri isiyo na tarehe naiogopa, kwa kuwa watakaoitekeleza ni walewale waliotuuliza mafuta.

Wapo wanaotuambia tumpeleke Kaya Godoma, wanakohifadhiwa wazee waliokimbia shutuma kama hizi. Mama angeenda hata leo. Baba amekataa katakata, anasema akitoka tu shamba litapimwa. Namwelewa, ila mimi namtaka baba aliye hai kuliko shamba lolote.

Majirani walioyasikia maneno ya mangweni wako tayari kula kiapo, lakini wanaogopa majina yao kusomwa hadharani. Je, mahakama inaweza kuyaficha? Nami naomba usitaje jina langu wala la kijiji chetu.

Mtoto wa mzee,
Kilifi