Risala ya Klabu ya Kiswahili kwa Mgeni Rasmi, Siku ya Kuzindua Kitabu cha Simulizi za Wazee

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, Afisa Elimu wa Wilaya yetu ya Bagamoyo,
Mkuu wa Shule, walimu, wazazi, na ninyi wazee wetu mlioketi mstari wa mbele,

Shikamooni.

Mgeni Rasmi, tunakushukuru kwa kuacha shughuli zako nyingi ukaja kuwa nasi. Leo tunakukabidhi kitabu cha simulizi tulizozikusanya kwa mafundi wa majahazi, wavuvi, wakunga na makungwi wa hapa kwetu. Hatutakusomea historia ya klabu. Tunaomba tukueleze jambo moja lililozua mjadala mkali kati yetu tulipokuwa tunakiandaa: liandikwe jina la nani?

Swali hili si geni Bagamoyo. Mtoro bin Mwinyi Bakari alizaliwa Dunda, jirani na hapa, akasomesha Qurani mjini, na mwaka 1900 akaenda Berlin kufundisha Kiswahili. Aliandika kwa kina habari za malezi, unyago, ndoa, mazishi, ngoma na utumwa wa pwani hii. Maandishi yake, pamoja na ya Waswahili wengine, yalichapishwa Göttingen mwaka 1903 katika kitabu cha Desturi za Wasuaheli. Jina lililowekwa mbele ni la Carl Velten, mkusanyaji. Hatumnyimi Velten haki yake: alikusanya, akapanga, akatafsiri kwa Kijerumani. Lakini mambo yenyewe hakuyaishi yeye. Mtoro alifariki Berlin mwaka 1927, na ilipotoka tafsiri ya Kiingereza ya J.W.T. Allen mwaka 1981 ndipo jina lake likaingia kwenye kichwa cha kitabu. Hata hapo wenzake waliitwa "Waswahili wengine" tu.

Hao wengine ndio wanaotuumiza zaidi. Wapo wanaodhani jina la mwandishi ni sifa, kwamba asiyependa sifa halihitaji. Sisi tunaona jina ni sehemu ya elimu yenyewe. Msomaji akijua nani amesema, anaweza kuuliza: huyu alikuwa wa mtaa gani? Aliliona jambo hili kwa macho yake au alihadithiwa? Alikuwa muungwana au mtumwa, mwanamume au mwanamke? Habari za unyago zikitolewa na mtu ambaye hakuruhusiwa kuingia ndani, tunazipima kwa namna nyingine. Jina likiondolewa, maswali hayo yanakosa pa kwenda, na maoni ya mtu mmoja yanageuka kuwa "Waswahili husema".

Wazee wetu wa zamani walilijua hilo. Mwana Kupona alipomtungia binti yake utendi wa mawaidha, hakuishia kwenye mawaidha. Beti za mwisho zinataja jina lake na la baba yake, Mshamu, Pate alikozaliwa, na mwaka 1275 wa Hijria. Anayetaka kukubaliana naye au kumpinga anajua anazungumza na nani.

Tukirudi kwenye kitabu chetu, baadhi yetu walisema aliyekesha akiandika ndiye mwandishi. Hoja hiyo ina uzito, maana kupanga maneno ya mtu mwingine yasomeke ni kazi kweli. Lakini fundi aliyetueleza namna ya kutafuta tawi lililopinda lenyewe msituni ili liwe taruma, yaani ubavu wa jahazi, na namna ya kukalafati, yaani kuziba nafasi kati ya mbao, kwa pamba na mafuta, alijifunza hayo kwa miaka mingi ya kushika tezo. Tulipomsomea sura yake aliongeza mambo ambayo sisi hatukujua hata kuyauliza. Tukakubaliana: kila sura inaanza kwa jina la msimulizi na mtaa wake, kwa idhini yake, kisha linafuata jina la mwanafunzi aliyeandika. Kungwi mmoja aliomba baadhi ya mambo ya ndani yasichapwe. Hayakuchapwa.

Mgeni Rasmi, Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki Na. 7 ya mwaka 1999 inalinda maandishi. Ujuzi ulio ndani ya maandishi hauwi mali ya aliyeuandika, wala fundi hapati hakimiliki kwa kuwa tu anajua kuunda jahazi. Kwa hiyo, kumtaja kunategemea uaminifu wa anayeshika kalamu. Siku hizi, ambapo mwanafunzi anaweza kunakili kurasa nzima kutoka kwenye simu asijue nani aliziandika, uaminifu huo tunahitaji kufundishwa kama tunavyofundishwa sarufi.

Tunayo maombi. Utusaidie kuchapa nakala zaidi, maana fedha tulizochanga zimetosha nakala za wasimulizi na za maktaba ya shule tu. Utuombee COSOTA, ofisi ya hakimiliki ya nchi yetu, watutumie afisa aje kutufundisha haki za waandishi. Na kubwa kuliko yote, utoe maelekezo kwa shule za wilaya yetu kwamba mwanafunzi anayekusanya habari kwa mzee yeyote aandike jina la mzee huyo, akiridhia, na arudi kumsomea kabla ya kukabidhi kazi kwa mwalimu.

Sasa tunakuomba uzindue kitabu, na nakala ya kwanza umkabidhi fundi wetu wa majahazi.

Tunaomba kuwasilisha.